Mwanahistoria Mbele ya Kamera: Ali Mazrui, Roma ya Afrika na Kanisa Letu

Kila Jumapili, katika sharika zetu za Iramba, Uturu na Isanzu, waumini husimama kuikiri Imani ya Mitume, na katikati ya ungamo hilo hulitamka jina la liwali mmoja wa Kirumi, Pontio Pilato. Hakuna mtawala mwingine wa dunia hii aliyepewa nafasi humo. Hayumo Kaisari Tiberio aliyemtuma, wala Herode. Mzee wa usharika aliyeko Ilongero, ambaye pengine hajapata kufungua kitabu cha historia ya Roma, amelitaja jina la Pilato mara nyingi kuliko maprofesa wengi wa somo hilo. Roma imetufikia kwa milango mingine pia: kwa Mtume Paulo aliyedai haki yake ya uraia wa Kirumi, kwa Waraka kwa Warumi ambao sisi Walutheri tunauheshimu kuliko nyaraka zote, na hata kwa Mwalimu Julius Nyerere, aliyeitafsiri tamthilia ya Shakespeare kuhusu Juliasi Kaisari mwaka 1963, akairudia na kuisahihisha mwaka 1969.

Siku hizi umefunguka mlango mwingine, nao ni mpana kuliko hiyo yote. Ni filamu za historia, ambamo msomi huacha maktaba yake, akasimama mbele ya kamera, akatembea katika magofu na kutueleza mambo ya kale. Vijana wetu huziona katika simu zao. Huyaamini yale wanayoyaona kwa urahisi zaidi kuliko wanavyouamini mhadhara, kwa sababu jicho limeshuhudia. Hapana budi basi sisi tunaofundisha Historia ya Kanisa tuzipime filamu hizi kwa uzito uleule tunaotumia kuvipima vitabu. Katika makala hii napenda kuipima kazi ya mtu mmoja aliyetoka katika pwani yetu wenyewe, marehemu Profesa Ali Al'amin Mazrui, na kuuliza swali moja ambalo mfululizo wake wa vipindi uliliacha: je, Roma ya Afrika iko wapi?

Mazrui alizaliwa Mombasa mwaka 1933. Ukoo wake ulipata kuutawala mji huo hadi mwaka 1837, na baba yake, Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, alikuwa Kadhi Mkuu wa Kenya. Yeye mwenyewe alisoma Manchester, Columbia na Oxford, akafundisha Makerere kwa miaka kumi hivi hadi utawala wa Idi Amin ulipomfanya aondoke, kisha akafundisha Marekani mpaka alipofariki mwaka 2014. Alizikwa Mombasa, katika makaburi ya ukoo wake. Kwa cheti hakuwa mwanahistoria. Fani yake ilikuwa sayansi ya siasa. Hata hivyo UNESCO ilimpa kazi ya kuhariri juzuu ya nane ya Historia Kuu ya Afrika, na watu wengi duniani walijifunza historia ya bara hili kwake kuliko kwa wanahistoria wenye vyeti.

Mwaka 1979 alitoa mihadhara ya Reith katika redio ya BBC, na mwaka 1986 ukatoka mfululizo wa televisheni wa vipindi tisa, kila kimoja cha saa nzima, uliotengenezwa kwa ushirikiano wa BBC na kituo cha WETA cha Washington. Jina lake ni The Africans: A Triple Heritage, yaani Waafrika: Urithi wa Pande Tatu. Kitabu chenye jina hilohilo kilitoka mwaka huo. Ifahamike kwamba wakati Wamarekani na Waingereza walipokuwa wakimtazama Mazrui sebuleni mwao, Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni hata kimoja. Zanzibar ilikuwa nacho tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, lakini Bara tulisubiri hadi mwaka 1994. Singida iliujua mfululizo huo kwa kuchelewa, kwa mikanda ya video iliyopita mkono kwa mkono na kuchezwa katika deki pale umeme ulipokubali. Kwa hiyo Waafrika wengi walisimuliwa kwa dunia kabla hawajajisikia wakisimuliwa.

Kwanza nimpe haki yake, maana ni kubwa. Kabla ya Mazrui, mtu aliyesimama mbele ya kamera kuieleza Afrika alikuwa karibu daima mgeni. Hata Basil Davidson, Mwingereza aliyetupenda na kututetea, ambaye mfululizo wake wa vipindi vinane ulionyeshwa mwaka 1984, alilazimika kusema "wao". Mazrui alisema "sisi". Neno hilo dogo lilibadili kila kitu. Hakujifanya mtazamaji asiye na upande. Alisema waziwazi kwamba anatoa maoni yake, na kwamba yeye mwenyewe ni mfano wa jambo analolieleza: Mwafrika, Mwislamu, msomi wa vyuo vya Magharibi. Alianza na wazo ambalo mhubiri yeyote wa Kinyaturu angelielewa mara moja, yaani kwamba mababu wamekasirika na kwamba machafuko ya bara hili yanaweza kusomwa kama laana yao. Mtu anaweza kubishana na teolojia hiyo, lakini hawezi kusema imeazimwa kutoka nje.

Kwa ujasiri huo alilipa gharama. Taasisi ya serikali ya Marekani inayosaidia taaluma za utu, ambayo ilichangia takriban dola 600,000 katika kazi hiyo, ilikuwa wakati ule chini ya Lynne Cheney. Mama huyo aliuona mfululizo huo kuwa shutuma tupu dhidi ya nchi za Magharibi, akataka jina la taasisi yake liondolewe katika orodha ya wafadhili. Kisa hiki kina funzo kwa makanisa yetu yanayoishi kwa fedha za marafiki wa ng'ambo. Sitalifafanua hapa, kila mchungaji aliyewahi kuandika taarifa ya mradi analielewa.

Miongoni mwa ndugu zetu wachungaji wapo wanaomkataa Mazrui kwa sababu nyepesi: kwamba alikuwa Mwislamu, na kwa hiyo alikuwa akiueneza Uislamu. Hoja hii haifai katika jarida la kitaaluma, wala haifai mezani pa chai. Sisi wa Singida tunaishi na majirani Waislamu, tunazikana nao na kuoleana nao, na tunajua kwamba mtu anaweza kuwa mwaminifu kwa dini yake na bado akasema kweli juu ya yako. Anapodai kwamba Uislamu ulizichukulia mila za Kiafrika kwa upole kuliko Ukristo wa wamisionari ulivyofanya, hatuna haja ya kukasirika. Tuwaulize wazee wetu ngoma zao zilikwenda wapi baada ya kubatizwa. Udhaifu wa Mazrui uko mahali pengine kabisa, nao ni udhaifu wa ramani aliyoichora kabla hajaanza safari.

Ramani yenyewe ndiyo hii. Afrika, kwa maelezo yake, imeundwa na urithi wa pande tatu: wa asili, wa Kiislamu na wa Kimagharibi. Ni ramani nzuri, rahisi kukumbukwa, na inafaa sana kwa televisheni, kwa kuwa kila upande una sura yake: mti mkubwa na mganga, msikiti na mnara wake, reli na kanisa. Lakini tazama kanisa limewekwa wapi. Limewekwa pamoja na reli. Ukristo unaingia katika hesabu kama sehemu ya urithi wa Magharibi, na Mkristo wa Iramba anajikuta mpangaji katika nyumba ya Mzungu, akilipa kodi kwa lugha, kwa mavazi na kwa nyimbo. Kipindi cha tatu, kinachoitwa Miungu Mipya, kinaeleza kwa ustadi jinsi dini za jadi, Uislamu na Ukristo zinavyoishi pamoja na kuathiriana. Hata hivyo jina lake lenyewe limeshahukumu: miungu iliyokuja ni mipya.

Mazrui hakuwa mjinga wa mambo haya. Alijua Misri na Ethiopia, na katika maandishi yake alikiri kwamba upo urithi wa pande tatu ulio wa kale zaidi, yaani wa asili, wa Kisemiti, na wa Kigiriki na Kirumi, naye aliiona Ethiopia kuwa mfano wake ulio bora. Kwa hiyo ufunguo alikuwa nao mfukoni. Lakini katika vipindi tisa hakuna hata kimoja kilichotengwa kwa ajili ya urithi huo wa kale, na ule wa sasa ndio uliobeba jina na uzito wote. Mtazamaji anabaki na ramani ya karne ya 20.

Sasa tuitazame Afrika yenyewe, maana hata jina hilo ni la Kirumi. Warumi walipouangamiza mji wa Karthago mwaka 146 kabla ya Kristo, nchi waliyoichukua waliiita mkoa wa Afrika. Kwa karne kadhaa "Afrika" katika karatasi za serikali ilikuwa ni sehemu ya Tunisia na majirani zake wa leo. Ilikuwa ghala la dola: Yosefo, mwanahistoria wa Kiyahudi, anaeleza kwamba Afrika iliilisha Roma kwa miezi minane ya mwaka na Misri kwa miezi minne. Ilitoa Kaisari pia, Septimio Severo wa Leptis Magna, aliyetawala kuanzia mwaka 193 hadi 211. Nayo ilitoa Kanisa ambalo bila lile teolojia yetu ya Kilutheri isingekuwa na msamiati.

Tarehe 17 Julai mwaka 180, Wakristo 12 kutoka kijiji kilichoitwa Scilli, wanaume saba na wanawake watano, walisimamishwa mbele ya liwali Saturnino mjini Karthago. Walikuwa watu wa kawaida. Liwali aliwapa siku 30 za kufikiri, wakazikataa. Alipouliza sandukuni mwao mna nini, aliyekuwa msemaji wao, Sperato, akajibu kwamba mna vitabu na barua za Paulo, mtu mwenye haki. Wakakatwa vichwa siku ileile. Taarifa fupi ya kesi yao ndiyo hati ya Kikristo ya Kilatini iliyo kongwe kuliko zote tulizo nazo, na imetoka Afrika. Roma yenyewe, wakati ule, ilikuwa bado inaabudu kwa Kigiriki. Mwaka 203, mjini Karthago, aliuawa Perpetua, mama kijana aliyekuwa akinyonyesha, pamoja na mtumwa Felisita. Kumbukumbu za kifungoni alizoziandika Perpetua kwa mkono wake ni miongoni mwa maandishi ya kale kabisa ya mwanamke Mkristo. Tertuliano wa mji huohuo ndiye aliyelipa Kanisa la Kilatini neno la Utatu. Kipriano, askofu wake, alikatwa kichwa mwaka 258. Na Augustino, aliyezaliwa Tagaste mwaka 354 na kufa Hippo mwaka 430 wakati Wavandali wameuzingira mji, ndiye aliyekuwa mwalimu wa shirika la watawa ambamo kijana Martin Luther aliingia huko Erfurt mwaka 1505.

Ndiyo kusema Luther aliipata Injili ya neema, kwa sehemu kubwa, kupitia kwa mtu aliyezaliwa katika Algeria ya leo. Wamisionari wa Leipzig walipofika Iramba na Uturu kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, na Waagustana wa Marekani walipoichukua kazi hiyo katika miaka ya 1920, walileta kitu ambacho asili yake, kwa njia ndefu, ilikuwa ni bara hilihili. Jambo hili halifanyi wamisionari kuwa Waafrika, wala haliifuti historia ya ukoloni. Linaivuruga tu ramani ya Mazrui, kwa sababu mstari alioupiga kati ya "asili" na "Magharibi" unapita katikati ya kifua cha Augustino, ambaye mama yake aliitwa Monika, jina ambalo wataalamu wengi hulihesabu kuwa la Kiberberi.

Wengine wamejaribu kuijaza nafasi hiyo. Zeinab Badawi, mwandishi wa habari mzaliwa wa Sudan aliyekulia London, alianza mwaka 2017 kutoa mfululizo wa vipindi 20 kuhusu historia ya Afrika, akizitumia juzuu nane za UNESCO kama msingi. Yeye alikwenda Karthago, akazungumza na wataalamu wa Tunisia, akaeleza habari za Hanibali na jinsi Warumi walivyoitawala Afrika ya Kaskazini na jinsi walivyodaiwa nayo. Ni kazi safi, yenye subira, na nimeiona ikiwafaa wanafunzi wa mwaka wa kwanza. Lakini Badawi ni mwenyeji mwema anayewakaribisha wataalamu waseme. Hana ugomvi na mtu. Mazrui alikuwa na ugomvi, na darasa linachangamka zaidi kwa Mazrui.

Yupo mwingine ambaye njia yake inanivutia kwa sababu tofauti. Mary Beard, wakati ule profesa wa Cambridge, alitengeneza vipindi vitatu vya BBC mwaka 2012 kuhusu watu wa kawaida wa mji wa Roma. Haanzi na makaisari. Anakwenda makaburini, anainama mbele ya jiwe, anasoma maandishi ya Kilatini kwa sauti na kuyatafsiri hapo hapo: huyu alikuwa mtumwa aliyeachwa huru, huyu muuzaji, huyu mtoto. Moja ya makaburi anayoyatembelea ni la mwoka mikate Eurysaces, lililochongwa picha za kukanda unga na kuoka, kana kwamba marehemu alitaka kazi yake ionekane milele. Mtazamaji anaelewa kwamba Roma haikuwa marumaru tupu. Ilikuwa watu waliokula mkate wa ngano ya Afrika. Mazrui hakuwa na subira ya namna hiyo. Yeye alipenda kauli kubwa, yenye kinyume ndani yake, inayolifagia bara zima kwa sentensi moja. Alikuwa na kipaji cha Mswahili wa Mombasa cha kulitega neno mpaka msikilizaji atabasamu hata kama hakubali. Mhubiri ndani yangu anampenda. Mwalimu ndani yangu humtaka asimame mbele ya jiwe moja, alisome mpaka mwisho.

Hata hivyo njia ya Beard ina kikomo ambacho sisi wa nyanda za kati tunakiona upesi kuliko watu wa Cambridge. Kamera hupenda mawe. Watu waliojenga kwa mawe na kuandika juu yake wana historia ya kuonyesha. Watu waliojenga kwa miti na udongo, waliozika bila maandishi, kamera inapita juu ya nchi yao na kuona nyasi. Nyumba za tembe za babu zetu zimerudi ardhini. Waombaji mvua wa Isanzu, ambao habari zao zilikuwa zikitawala mwaka mzima wa kilimo, hawakuacha hata sanamu moja. Hata katika Afrika ya Kirumi hali ilikuwa hiyohiyo: tunazo sakafu za mabasilika, tunayo maandishi ya maaskofu, lakini wakulima waliosema Kipuniki na Kiberberi vijijini karibu wote wamenyamaza. Hapa Mazrui anarudi na ushindi wake, kwa kuwa yeye aliwaelekezea kamera watu walio hai: sherehe zao, ibada zao, mikono yao. Alielewa kwamba kwa Afrika kumbukumbu iko mwilini kabla haijawa jiweni.

Nimefika sasa kwenye jambo ambalo kwa ajili yake nimeandika makala hii. Kanisa lile la Karthago na Hippo lilikufa. Mkutano wa mwaka 411 mjini Karthago, ulioitishwa kumaliza ugomvi kati ya Wakatoliki na Wadonatisti, ulikusanya maaskofu wapatao 280 kwa kila upande. Mwaka 1076 Papa Gregori VII aliandika kwa masikitiko kwamba katika Afrika yote hawapatikani maaskofu watatu wa kumweka wakfu mwenzao. Wakati huohuo Kanisa la Misri na la Ethiopia yaliendelea kuishi, nayo yapo hadi leo. Hii ndiyo filamu ambayo Mazrui angeweza kuitengeneza kuliko mtu mwingine yeyote, kwa kuwa inahusu hasa kukutana kwa Afrika, Roma na Uislamu. Inawahusu wachungaji wa Singida kuliko habari za Hanibali na tembo wake.

Maelezo ya haraka ni kwamba Waarabu waliiteka Karthago mwaka 698 na mambo yakaishia hapo. Maelezo hayo hayatoshi, kwani Misri ilitekwa mapema zaidi. Wapo wanaotaja Wavandali, wapo wanaotaja ugomvi wa ndani uliowachosha waumini kwa zaidi ya miaka mia moja, na kwa kweli kanisa ambalo kila kijiji kina maaskofu wawili wanaolaaniana limeanza kuchimba kaburi lake. Lakini mimi naona lugha ilikuwa na sehemu yake. Wamisri walikuwa na Maandiko kwa Kikopti, Waethiopia kwa Kigeezi. Afrika ya Kirumi ilimwabudu Mungu kwa Kilatini, lugha ya mji, ya shule na ya mahakama, na hakuna Biblia ya Kiberberi iliyotufikia. Augustino mwenyewe aliliona tatizo. Alipotafuta askofu kwa ajili ya mji mdogo wa Fussala, alimtaka mtu anayejua Kipuniki. Yule aliyemwandaa akajitoa siku ya mwisho, naye akamtoa kijana msomaji aliyeitwa Antonino, ambaye Kipuniki alikijua vizuri sana, na kuwanyang'anya washarika mali zao akakijua vizuri zaidi. Kujua lugha ya watu hakumfanyi mtu kuwa mchungaji wao.

Nadharia ya lugha ina mpinzani, naye ni Nubia. Falme za Kikristo za Nubia, kusini mwa Misri, zilipokea Ukristo katika karne ya 6, zikayaandika Maandiko na sala kwa Kinubi chao wenyewe, na bado kufikia kama mwaka 1500 Kanisa lao lilikuwa limetoweka. Kwa hiyo siwezi kusema kwamba tafsiri huliokoa kanisa. Naweza kusema tu kwamba kanisa lililokosa tafsiri, katika kisa hiki, lilikosa mahali pa kujificha wakati miji ilipoanguka.

Sisi je? Kilatini chetu ni Kiswahili. Nalisema hili kwa hadhari, kwa kuwa Kiswahili ni lugha ya taifa letu, ndiyo lugha ninayoiandikia, nacho kimetuunganisha Wanyaturu na Wanilamba katika meza moja ya Bwana kuliko sera yoyote. Si lugha ya mtawala mgeni kama Kilatini kilivyokuwa kwa mkulima wa Numidia. Lakini mchungaji anayekaa kitandani pa mama mzee anayekata roho, huko kijijini, anajua kwamba sala ya mwisho haitoki kwa Kiswahili. Vitabu vyetu vya ibada vinakisema Kiswahili. Machozi yanasema Kinyaturu. Marehemu Howard Olson, mmisionari wa Augustana aliyefanya kazi kati ya Wanyaturu kabla ya kufundisha Makumira, aliyaelewa haya. Aliichunguza lugha yao, iitwayo pia Kirimi, katika utafiti wa mwaka 1964, kisha akakusanya nyimbo zenye lahani za Kiafrika katika kitabu cha Tumshangilie Mungu, ambacho sharika zetu zinakiimba bado. Mzungu mmoja mwenye sikio zuri alikuwa amekwisha kuvuruga ramani ya Mazrui miaka mingi kabla haijachorwa.

Katika somo langu hukionyesha kipindi cha tatu cha Mazrui chote bila kukikatiza, hata pale wanafunzi wanapoguna. Baadaye tunaisoma taarifa ya wafia dini wa Scilli, ambayo haifiki kurasa tatu, na kila mmoja huandika maelezo ya kipindi cha kumi ambacho Mazrui hakukitengeneza: kianzie wapi, nani asimame mbele ya kamera, azungumze lugha gani. Mwaka jana wengi walianzia Roma, wachache Hippo. Mmoja, binti wa mwinjilisti kutoka upande wa Mkalama, alianzia nyumbani kwao, kwa sanduku la bati la babu yake lenye daftari za ubatizo zilizoliwa na mchwa pembeni, na akataka babu aulizwe kwa Kinilamba kuna nini ndani. Wenzake walibishana naye nusu saa nzima kama hiyo ni historia ya Kanisa la Kale au la. Niliwaacha wabishane.